Hayley Mills, mwigizaji aliyeiingiza Thika kwenye televisheni

Hayley Mills ni mwigizaji wa filamu na televisheni, mzaliwa wa London mwaka 1946. Babake, John Mills, naye alikuwa mwigizaji mashuhuri. Binti alianza na Tiger Bay (1959), kisha Pollyanna (1960), iliyompa tuzo maalumu ya Oscar ya watoto. Katika The Parent Trap (1961) aliigiza mapacha wawili peke yake.

Katikati ya miaka ya 1970 aliziacha filamu kwa muda. Alirudi kwa hadithi ya Thika. Mwaka 1981 aliigiza Tilly katika The Flame Trees of Thika, tamthilia ya Uingereza ya sehemu 7 iliyopigwa Kenya, kutokana na kitabu cha Elspeth Huxley cha 1959. Tilly na mumewe wanafika kulima kahawa kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia.

Aliigiza vyema, sina ubishi. Lakini Wakikuyu mle ni vibarua na watumishi, na ardhi yaonekana kama pori lisilo na mwenyewe. Sisi Wapwani, ambao wengi wetu twaishi juu ya mashamba yenye hati za wengine, twaijua hadithi hiyo.

Kahawa iliendelea kuwa uchumi wa huko; Ruiru ikawa kituo cha utafiti, kilichotoa aina ya Ruiru 11 miaka ya 1980. Mimi nataka tamthilia ambayo mhusika mkuu ni mama aliyeichuma kahawa hiyo.