Kudharau mahakama na haki ya kusikilizwa

Kudharau mahakama (kitenzi-jina): kosa la kusema, kutenda au kuacha kutenda jambo kwa namna inayoizuia mahakama kufanya kazi yake au inayokaidi amri yake. Nchini Kenya husikika pia kudharau korti na kukaidi agizo la mahakama. Tanzania hupendelea amri kuliko agizo.

Haki ya kusikilizwa (kirai nomino): haki ya mtu kuelezwa tuhuma zinazomkabili, kupewa muda wa kujiandaa na kujitetea mbele ya mwamuzi asiyeegemea upande wowote, kabla ya uamuzi unaomhusu kutolewa.

Matumizi

Katika lugha ya kila siku, dharau hukaa moyoni. Mtu aweza kumdharau mwenziwe pasipo kutamka neno. Katika sheria maana yake ni finyu zaidi. Anayesema kwamba hukumu ina kasoro, kisha akakata rufaa, hajaidharau mahakama. Anayeijua amri na kukataa kwa makusudi kuitii ameidharau, hata akiwa na maneno ya adabu. Kwa hiyo kudharau si kisawe cha kukosoa wala cha kutokubaliana.

Sikiliza nayo itofautishwe na sikia. Sauti inayofika sikioni imesikiwa. Anayetega sikio ili aelewe ndiye anayesikiliza. Kadhalika, kuhojiwa si kusikilizwa. Mtumishi aliyejibu maswali ya mkaguzi ametoa taarifa. Bado hajapewa nafasi ya kujibu tuhuma ambayo pengine haijaandikwa. Wala kusikilizwa si kukubaliwa: aliyesikilizwa kikamilifu aweza kushindwa.

Haki hii haiishii mahakamani. Katiba ya Tanzania ya 1977, ibara ya 13(6)(a), inaitaja kwa mahakama na pia kwa vyombo vingine vinavyoamua haki na wajibu wa mtu. Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 47, inadai hatua za kiutawala ziwe halali, za busara na zenye utaratibu wa haki, na anayeathirika vibaya apewe sababu kwa maandishi.

Uhusiano wa istilahi hizi

Mtumishi akifukuzwa kazi bila kusikilizwa, mahakama yaweza kuubatilisha uamuzi huo. Mkuu wa ofisi akikataa kwa makusudi kutii, anaingia katika kosa la kudharau mahakama. Hata hivyo, naye hana budi kusikilizwa kabla ya kuadhibiwa: huenda amri haikumfikia, au haikueleweka. Tahadhari hii ni nzito zaidi pale dharau inapotendwa mbele ya hakimu mwenyewe. Kifungu cha 114 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania kinairuhusu mahakama kumweka mkosaji chini ya ulinzi na kumwadhibu siku hiyohiyo kabla haijamaliza kikao. Hapo aliyeshuhudia kosa ndiye anayelihukumu, na nafasi ya kujieleza ndiyo kinga iliyobaki.

Asili

Mahakama, hakimu na hukumu zina mzizi mmoja wa Kiarabu, unaohusu kuamua. Haki ina mzizi mwingine. Kufanana kwa haki na hakimu ni kwa sauti tu, ingawa wengi hudhani neno moja limezaa jingine.

Mifano

Mkurugenzi alitiwa hatiani kwa kudharau mahakama baada ya kukaidi amri ya kumrejesha mwalimu kazini.
Kamati iliahirisha kikao ili mtuhumiwa apate nafasi ya kusikilizwa.
Si sahihi: Wakili aliidharau mahakama kwa kukata rufaa.
Sahihi: Wakili hakuridhika na hukumu, akakata rufaa.

Tazama pia: amri, rufaa (Tanzania pia rufani), zuio.