Kipepeo wa Monaki na Wenye Misitu ya Michoacán

Vitabu vingi vya elimu ya wadudu huanzisha historia ya maficho ya kipepeo wa monaki mnamo Januari 1975, pale Ken Brugger na mkewe Catalina Aguado, waliokuwa wakimtafuta kwa niaba ya Fred Urquhart wa Chuo Kikuu cha Toronto, walipokuta mamilioni ya vipepeo hao wamegandamana mitini kwenye mlima Cerro Pelón, katikati ya Meksiko. Huo, hata hivyo, ulikuwa ugunduzi kwa wanasayansi tu, kwani wakulima wa Kimazahua na Kiotomi, ambao kila mwaka huwaona wakiwasili karibu na Siku ya Wafu mwanzoni mwa Novemba, waliwafahamu tangu enzi za mababu. Na Aguado mwenyewe alikuwa mzaliwa wa Michoacán, jimbo la eneo hilo.

Jambo ambalo halikuwa limethibitishwa ni walikotoka vipepeo hao. Kwa miongo kadhaa Urquhart na mkewe Norah, wakisaidiwa na maelfu ya watu wa kujitolea, walikuwa wakibandika vipepeo vibandiko vidogo vya karatasi kwenye bawa. Gundi ya awali iliachia kwa mvua, wakaigeukia ile ya vibandiko vya bei za dukani. Januari 1976, Urquhart akiwa msituni, tawi lilivunjika kwa uzito wa vipepeo, na miongoni mwa walioanguka alikuwamo mmoja aliyebandikwa Chaska, Minnesota, Agosti iliyotangulia.

Safari hiyo hufanywa na kizazi maalumu, ambacho huahirisha kuzaliana na kuishi hadi miezi minane, ilhali vizazi vya kiangazi huishi wiki chache tu, hivyo kwamba wanaofika Meksiko hawajapata kuiona. Hujihifadhi kwenye oyameli, mti wa jamii ya msonobari unaoota kwenye mwinuko wa karibu mita 3,000, ambao matawi yake huzuia jalidi na mvua.

Serikali ya Meksiko ilitenga hekta 16,110 za misitu ya oyameli ziwe hifadhi mwaka 1986 na kuzipanua hadi 56,259 mwaka 2000, lakini sehemu kubwa ya misitu hiyo ilikuwa ejido, yaani ardhi ya pamoja waliyogawiwa wanavijiji baada ya Mapinduzi ya Meksiko, nao walikatazwa kukata miti bila fidia ya maana. Ukataji uliendelea kwa siri, jambo lisiloshangaza, na ulipungua baadaye, baada ya mfuko maalumu kuanza kuwalipa kwa kuutunza msitu.

Hata hivyo vipepeo, ambao hupimwa kwa eneo la msitu wanalofunika, walipungua kutoka takriban hekta 18 katika majira ya baridi ya 1996–97 hadi 0.67 mwaka 2013–14. Sababu kubwa ilikuwa kaskazini, kwenye mashamba ya mahindi na soya ya Marekani, ambako mbegu zilizobadilishwa vinasaba ziliruhusu kunyunyizwa glifosati, dawa iliyoteketeza magugu ya jenasi Asclepias, chakula pekee cha viwavi wa monaki. Marekani ilipendekeza kumlinda kisheria Desemba 2024, miaka 38 baada ya wanavijiji wa Michoacán kuwekewa amri yao.