Yaliyopita Yanapokuwa Ndwele: Mashahidi Wawili wa Dresden

Wahenga wametuusia kuwa yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Usia huu hutolewa pale watu wanapotakiwa kusameheana, na kwa kazi hiyo unafaa. Lakini unachukulia kwamba yaliyopita yamekubali kupita. Katika riwaya ya Kurt Vonnegut, *Slaughterhouse-Five*, iliyotoka mwaka 1969, tunakutana na mtu ambaye kwake yaliyopita ndiyo ndwele yenyewe. Billy Pilgrim, mtaalamu wa miwani katika mji wa kubuni wa Ilium, jimbo la New York, amebanduka katika wakati. Yumo kazini akimpima mteja macho, na papo hapo ni askari kijana anayetangatanga katika theluji ya Ulaya. Hachagui aende lini, wala hajui atarudi lini.

Ugonjwa huu haumo katika kitabu chochote cha tiba. Ni wa kubuni, ila mbegu yake si ya kubuni. Vonnegut, aliyezaliwa Indianapolis mwaka 1922, alitekwa na Wajerumani Desemba 1944 katika mapigano ya Ardennes, akapelekwa Dresden na kufungwa pamoja na wenzake katika machinjio ya mji. Usiku wa 13 Februari 1945, mnamo saa nne, ndege za Uingereza zilianza kuumwagia mji mabomu ya moto. Kundi la pili lilifika saa tatu baadaye, mitaa ikiwa tayari inawaka. Wamarekani wakafuata mchana wa tarehe 14 na 15. Mateka wale walinusurika ndani ya ghala la nyama lililokuwa chini ya ardhi. Walipotoka walitumwa kufukua maiti. Zaidi ya miaka 20 ilipita kabla Vonnegut hajakimaliza kitabu chake, na sura ya kwanza inaeleza jinsi alivyojaribu mara kwa mara akashindwa. Mwisho alimpa mhusika wake maradhi yaliyofanana na kumbukumbu yake mwenyewe: vipande visivyokubali kupangwa.

Tiba ilikuwa ikilitafuta jina la hali hiyo kwa muda mrefu. Mwaka 1915 daktari Charles Myers aliandika katika jarida la *The Lancet* juu ya askari waliopotewa na kumbukumbu baada ya makombora kulipuka karibu nao. Lakini ni mwaka 1980 tu ambapo madaktari wa akili wa Marekani waliingiza rasmi katika mwongozo wao maradhi ya mtu aliyepatwa na kitisho, ambaye tukio humrudia kana kwamba linatendeka upya. Riwaya ilikuwa imetangulia kwa miaka 11.

Usiku ule ule, katika mji ule ule, alikuwapo shahidi mwingine. Victor Klemperer, mtoto wa rabi, alikuwa profesa wa fasihi za Kirumi hadi Wanazi walipomfukuza kazi mwaka 1935. Alisalia hai kwa kuwa mkewe, Eva, hakuhesabiwa kuwa Myahudi. Tarehe 13 Februari alipewa kazi ya kuwagawia Wayahudi wachache waliobaki barua za kuwaamuru wajiandae kusafirishwa siku tatu baadaye. Kabla ya siku hiyo kufika, mji uliteketea. Katika vurumai ile Eva aliikata kwa kisu nyota ya manjano iliyoshonwa katika koti la mumewe, nao wakatoroka. Moto ulioua maelfu ndio uliomwokoa Klemperer.

Yeye aliandika shajara. Kila jambo lina tarehe yake: leo tumekatazwa hiki, leo amechukuliwa fulani. Shajara hizo, zilizochapishwa mwaka 1995, zinatuonyesha kile ambacho Billy Pilgrim hawezi kukiona, kwamba lililotangulia lilizaa lililofuata. Billy hufarijiwa na viumbe wa sayari nyingine wanaomfundisha kuwa nyakati zote zipo daima na hakuna linaloweza kubadilishwa. Ni faraja tamu kwa mgonjwa. Lakini pasipo kabla na baada, hapana sababu, na pasipo sababu hapana wa kuulizwa. Rotterdam ilipigwa Mei 1940, Coventry Novemba 1940, Dresden ikafuata. Mpangilio huo hauhalalishi kuwachoma raia, lakini bila huo hatuwezi hata kuanza kuhukumu.

Hatari hii ilidhihirika katika hesabu ya wafu. Riwaya ilitaja watu 135,000, idadi iliyotoka katika kitabu cha David Irving cha mwaka 1963. Tume ya wanahistoria iliyoundwa na mji wa Dresden ilihitimisha mwaka 2010 kuwa waliokufa hawakuzidi 25,000. Idadi kubwa ilikuwa imeanza kukuzwa na wapiga propaganda wa Hitler, na hadi leo wafuasi wao huitumia ili kuufanya uovu wa Wanazi uonekane mdogo. Vonnegut, adui wa Wanazi na mteka wao, aliieneza bila nia hiyo. Maumivu yake yalikuwa ya kweli. Hesabu haikuwa ya kweli.

Wasomaji wa Kiswahili walioko Maskati au London hawahitaji kuambiwa kwa nini jambo hili linawahusu. Idadi ya waliouawa Unguja baada ya 12 Januari 1964 bado inabishaniwa. Wako wanaoikuza, wako wanaoipunguza, na wako wanaotaka mazungumzo yafungwe kwa ile ile methali ya ndwele. Bibi anayeusimulia usiku ule kana kwamba ni jana, akirukaruka kutoka mwaka hadi mwaka, hasemi uongo. Hivyo ndivyo kitisho kinavyokaa ndani ya mtu, na tunapaswa kumsikiliza bila kumkatiza ili atupe tarehe. Lakini kumsikiliza hakumwondolei mwanahistoria kazi ya kutafuta tarehe, majina na hesabu, wala kazi hiyo haimvunjii bibi heshima.

Dresden iliwahitaji mashahidi wote wawili. Wa kwanza alituonyesha jeraha lilivyo. Wa pili alituandikia lilivyopatikana, na ni nani aliyeshika kisu. Ndwele haigangwi kwa kuikana, na kabla ya kugangwa sharti ijulikane ilianza lini.