Yaliyotendwa Ng'ambo ya Rusizi

Nilikuwa inyangamugayo, hakimu wa gacaca, baraza la kilima la kuhukumu makosa ya mauaji ya kimbari, katika kilima kimoja cha Rusizi, Rwanda, ambayo wazee bado tunaiita Cyangugu. Sheria ilituruhusu kusikiliza makosa ya kuanzia tarehe 1 Oktoba 1990 hadi 31 Desemba 1994, basi. Waliotoka msituni baadaye walikuja na mambo ya miaka mingine.

Julai 1994 umati ulivuka kwenda Bukavu, Kongo, wakiwemo wanamgambo wa Interahamwe na wanajeshi walioshindwa vita, pamoja na watoto wengi. Kambi za Inera na Kashusha zilipovunjwa mwaka 1996, watu wakatawanyika misituni, na baadhi ya watoto wale wakakulia kwenye bunduki. Mwaka 2000 kundi lao likaitwa FDLR. Novemba 2003 kamanda wao, Jenerali Paul Rwarakabije, alirudi nyumbani, na wengine wakaendelea kurudi kidogo kidogo. Walipelekwa kambi ya Mutobo, kule Musanze, wakafundishwa historia ya nchi na uraia, wakapewa fedha kidogo, wakarudishwa vilimani kwao.

Jirani yangu mmoja alivuka akiwa mtoto mdogo, akarudi mwanamume. Gacaca haikuwa na la kumuuliza. Jioni moja alikuja uani kwangu.

"Mama, zamu yangu ya kusema ni lini?"

Nikamweleza kwamba sheria inaishia Desemba 1994.

"Yangu ni ya Kalehe," akasema.

Kalehe iko ng'ambo, Kongo. Hakuongeza neno, nami sikumchimba.

Aliyeua hapa mwaka 1994 alisimama mbele yetu, mjane akamtazama usoni, akahukumiwa. Adhabu ilikuwa nzito, lakini alijua anadaiwa nini na nani. Kijana huyu, waliofiwa kwa mkono wake wako ng'ambo, na kila asubuhi akina mama wa upande ule huvuka daraja kuja Kamembe kununua chakula. Yeye huuza nyanya. Akisikia mteja anaongea Kihavu, humwachia mwenzake meza, akaondoka.

Kiongozi wa FDLR, Ignace Murwanashyaka, alishtakiwa Stuttgart, Ujerumani, kuanzia mwaka 2011. Alifariki mwaka 2019 kesi ikiwa haijafika mwisho. Hiyo ilikuwa kesi ya mkubwa. Mpiganaji wa kawaida hakutayarishiwa mahali pa kusemea, na kwangu hilo ni deni la nchi zote mbili, Rwanda na Kongo.

Gacaca ilifungwa Juni 2012. Nikiitwa tena nitakwenda, mradi wazee wa Kalehe nao waketi katika baraza hilo, na wao ndio waanze kuuliza.