Paul Robeson na maneno aliyotiwa kinywani

Juma lililopita mwanafunzi wangu wa uzamili aliniuliza swali ambalo sikulijibu papo hapo. Mwigizaji akipewa maneno yanayowadhalilisha watu wake, lawama ni ya nani? Ya aliyeyaandika au ya aliyeyatamka? Nilimwambia akasome maisha ya Paul Robeson. Halafu nikaona nimemtupia kazi yangu, basi nami nikarudi kuyasoma.

Robeson alizaliwa mwaka wa 1898 mjini Princeton, New Jersey, nchini Marekani. Babake alitoroka utumwani North Carolina, akaja kuwa mhubiri. Mwana akahitimu sheria katika Chuo Kikuu cha Columbia mwaka wa 1923, ila ubaguzi wa rangi ukamtoa katika uwakili. Akashika njia ya jukwaa.

Kilichompa jina hasa ni Show Boat, tamthilia ya muziki ya Jerome Kern na Oscar Hammerstein, iliyoanza kuonyeshwa New York mwaka wa 1927. Sehemu ya Joe, kuli wa mto Mississippi, iliandikwa Robeson akiwa akilini mwa watunzi. Aliigiza sehemu hiyo London mwaka wa 1928, New York mwaka wa 1932, na katika filamu ya mwaka wa 1936. Joe si mhusika mkuu wa kisa chenyewe. Hata hivyo, ukiitaja Show Boat leo, wengi watakumbuka sauti nzito ya Robeson akiimba Ol' Man River.

Shida ilikuwa maneno. Matini ya kwanza iliwaita Weusi kwa tusi lililozoeleka enzi hizo, na wimbo wenyewe ulikuwa wa mtu aliyechoka na maisha na kukata tamaa. Robeson hakuutupa. Aliubadilisha. Kufikia mwisho wa miaka ya 1930, katika matamasha yake, kauli za uchovu na woga zilikuwa zimegeuka kauli za kupambana. Lahaja iliyonuiwa kuchekesha akaiondoa pia. Muziki ulikuwa ule ule, ila aliyesimama jukwaani hakuwa tena yule kuli aliyebuniwa na wengine.

Sisi Wakenya tuna sababu ya kumkumbuka. Akiwa London katika miaka ya 1930, alisomea fonetiki na Kiswahili katika chuo ambacho leo tunakiita SOAS. Alitaka kuijua Afrika kupitia lugha zake. Wakati huo huo akaigiza kama Bosambo katika filamu ya Sanders of the River (1935), na miongoni mwa waigizaji wadogo alikuwamo Jomo Kenyatta. Filamu ilipotoka, ikawa yausifu utawala wa Mwingereza. Robeson alijuta. Naam, hata aliyesoma fonetiki anaweza kutiwa maneno kinywani.

Nalijua jambo hili kwa kuwa limenipata. Nikiwa shule ya upili katika miaka ya 1970, nilipewa sehemu ya mpishi katika nyumba ya mlowezi. Nilitakiwa nizungumze Kiswahili kilichovunjikavunjika ili watu wacheke, na kweli walicheka. Baba, ambaye alikuwa mpishi wa mlowezi kwa miaka mingi, alikuwa ameketi safu ya tatu. Tukirudi nyumbani akaniuliza, "Mbona umenisemesha hivyo? Aliyekuwa akisema vile ni mzungu. Mimi nilikuwa namjibu tu."

Baba alisema kweli. Kiswahili kile ndicho wataalamu wa isimu wanachokiita Kisetla, lugha ya amri iliyovunjwavunjwa na bwana. Sisi tukaichukua tukamvika mtumishi, eti ndiye asiyejua kusema.

Robeson alilipia msimamo wake wa kisiasa. Serikali ya Marekani ilimnyang'anya pasipoti mwaka wa 1950, akarudishiwa 1958. Katikati ya adhabu hiyo, mwaka wa 1957, aliwaimbia wachimba migodi wa Wales kwa njia ya simu. Alifariki mwaka wa 1976.

Sasa nimjibu mwanafunzi wangu. Aliyeandika ana lawama yake. Lakini mwigizaji si kasuku. Akishajua maana ya anachokitamka, naye ana sehemu yake. Kila nionapo vichekesho vya runinga ambamo mlinzi wa lango lazima aboronge Kiswahili ndipo tucheke, hujiuliza kama kuna mtoto wa mlinzi sebuleni anayetazama.

Baba hakuniuliza tena kuhusu mchezo ule. Wala mimi sikumwomba radhi, na sasa hayupo.