Miaka Isiyolingana: Suala la Wakati katika Nchi ya Narnia

Wakati ni kipimo kitumiwacho na watu wote, wala hakuna akimilikiye. Katika masimulizi ya kale kipimo hicho huvunjika ghafula. Vijana wa pangoni wanaotajwa katika Sura ya al-Kahf walidhani wamelala siku moja au sehemu ya siku. Kumbe miaka mia tatu na tisa ilikuwa imepita. C. S. Lewis, mzaliwa wa Belfast, aliliingiza jambo la namna hiyo katika vitabu saba vya nchi ya Narnia, vilivyotolewa baina ya mwaka 1950 na 1956. Humo ajabu hii haitokei mara moja tu. Hurudia kila watoto wa Kiingereza waingiapo nchi ile.

Katika kitabu cha mwaka 1950 Lucy alipita ndani ya kabati la nguo, akakaa Narnia kwa saa kadhaa, akarudi nyumbani akakuta muda haujapita. Ndugu zake walimdhania mwongo. Profesa mwenye nyumba alikuwa na rai nyingine: mtoto atungaye uongo angalijificha kwa muda wa kutosha kabla ya kutoka na kisa chake. Basi kasoro ile ya wakati, badala ya kuubomoa ushahidi wa Lucy, iliutia nguvu.

Baada ya Lewis kufariki mwaka 1963, ilichapishwa orodha ya tarehe aliyoiandika. Kwa orodha hiyo Narnia iliumbwa katika mwaka wa Kiingereza wa 1900 ikakoma 1949. Lakini kwa hesabu ya wenyeji ilidumu miaka 2555. Miaka 40 ya kwanza ya Uingereza ilikuwa sawa na 1000 ya Narnia. Mwaka mmoja uliofuata, tangu 1940 hadi 1941, ulikuwa sawa na 1303. Na ule wa baada yake ulikuwa sawa na mitatu tu. Hapana kanuni ya hesabu iwezayo kupatanisha tarakimu hizi. Maana yake haina budi kutafutwa kwingine, yaani katika hali ya watu waliopatwa na mwachano huo.

Kitabu cha mwaka 1951 chaonyesha hali hiyo. Watoto wanne waliopata kutawala Narnia walirejea wakajikuta katika magofu yaliyomea miti, wasijue kuwa ni kasri yao wenyewe. Susan aliokota kete ya sataranji ya dhahabu, na kwa kete ile wakaanza kutambua walipo. Ndivyo ilivyokuwa kwa vijana wa pangoni: wafasiri husimulia kwamba sarafu kongwe waliyoipeleka mjini kununua chakula ndiyo iliyofichua umri wa usingizi wao.

Huku nyuma Miraz, aliyenyakua ufalme, alikuwa amekataza habari za Narnia ya kale zisitajwe. Mpwa wake Caspian alizisikia kwa yaya, na yaya akafukuzwa. Mwalimu Cornelius akaziendeleza kwa siri. Hivyo wale waliokuwa wafalme walikuwa wamegeuzwa ngano ya watoto, nao wangali hai.

Hapa ndipo ilipo hatari ya kweli. Miaka 1303 haikutosha kuwafuta. Aliyekaribia kuwafuta ni mtawala aliyeamuru kwamba habari yao ni upuuzi. Kilichowaokoa ni vitu viwili ambavyo wanahistoria wamezoea kuvitenganisha: kitu kilichofukiwa ardhini na neno lililotunzwa kinywani. Kete bila ya yaya ni kipande cha dhahabu tu; yaya bila ya kete huitwa mzushi. Vikikutana, vyathibitishana. Msomi apimaye mapokeo ya wazee kwa tarehe peke yake, akayatupa kwa kuwa miaka hailingani, hufanya kazi ya Miraz bila ya kukusudia. Yule profesa alikuwa na busara zaidi: alipoona miaka hailingani, hakumfukuza shahidi, alimsikiliza kwa makini zaidi.