Wazee wa Jumuiya Mahakamani

Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika katikati ya 1977, vitu vya kugombaniwa vilikuwa vingi: mabehewa, meli, ndege, majengo, madeni. Watu walikuja nyuma kabisa. Shirika la reli lilikuwa na makao yake Nairobi, posta na simu Kampala, bandari Dar es Salaam, kwa hiyo karani wa stesheni ya Tabora alikuwa akikatwa mchango wa pensheni na mwajiri aliyekuwa nchi nyingine. Mwajiri huyo sasa hakuwapo, na hapakuwa na wa kumpelekea barua.

Kugawana kulichukua miaka. Mwanadiplomasia wa Uswisi, Victor Umbricht, ndiye aliyepewa usuluhishi, akazunguka kati ya serikali tatu ambazo hazikuwa na hamu ya kuketi pamoja. Hatimaye, tarehe 14 Mei 1984, Marais Moi, Nyerere na Obote walitia saini mkataba jijini Arusha. Mali ikagawanywa: Kenya asilimia 42, Tanzania 32, Uganda 26. Kuhusu pensheni maneno yalikuwa machache: kila nchi iwalipe raia wake waliofanya kazi katika Jumuiya.

Kwa hiyo deni lenyewe lilikubaliwa kwa maandishi. Kwa maoni yangu, hilo ndilo lililowachosha wastaafu wa Jumuiya zaidi. Anayekana deni unamshtaki mara moja. Anayelikubali huku akikwambia subiri, unamsubiri.

Wastaafu wa Tanzania walisubiri mpaka 2003, ndipo wakafungua kesi Mahakama Kuu, Dar es Salaam. Kuishtaki serikali kuna utaratibu wake. Kwanza hupelekwa notisi ya siku 90. Halafu, hata ukishinda, dalali wa mahakama hawezi kwenda kukamata gari la wizara na kulipiga mnada kama anavyofanya kwa mdaiwa wa kawaida. Sheria ya mashauri dhidi ya serikali inampa mshindi hati ya mahakama inayoonyesha kiasi anachodai, na hati hiyo hupelekwa serikalini ili ilipwe.

Kesi haikufika kwenye hukumu ya kubishaniwa. Septemba 2005 pande mbili zilisaini hati ya makubaliano, mahakama ikaisajili, na Hazina ikaanza kuwalipa wastaafu zaidi ya 31,000. Njia hii ilileta fedha mapema kuliko kama kesi ingeendelea hadi mwisho. Lakini ina bei yake: hukumu iliyotokana na makubaliano haikatiwi rufaa. Kwa hiyo wengi walipoona kwamba hesabu haikukamilika, kwamba vipengele kadhaa vya mafao vimeachwa, walichoweza kudai ni utekelezaji wa hati ileile waliyoisaini. Walirudi mahakamani, na wengine wakaandamana barabarani na mikongojo yao. Waliokuwa wamefariki waliwakilishwa na warithi, ambao nao ilibidi kwanza wakafungue mirathi ili atambuliwe msimamizi, ndipo faili la marehemu liguswe.

Wakenya walijaribu mlango mwingine. Mwaka 2010 wastaafu zaidi ya 700 waliishtaki serikali yao katika Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha, chombo cha Jumuiya mpya iliyozaliwa kwa mkataba wa 1999. Hoja yao ilieleweka: Kenya ilisaini mwaka 1984, haijatekeleza, na Jumuiya hii ina mahakama. Majaji hawakuingia katika hesabu za nani alipwe kiasi gani. Walisema mkataba mpya, ulioanza kutumika Julai 2000, haurudi nyuma kushika mambo yaliyotangulia kuwapo kwake. Rufaa nayo ilishindwa mwaka 2012.

Kwa mstaafu wa Jumuiya ile ya zamani, mahali pa kudai palibaki mahakama za nchi yake, dhidi ya serikali iliyosaini mwaka 1984.